Fuwele ya kupinda muda: ukiishika, wewe ndo unayechelewa

Hapa kitengoni kwetu cha vipimo vya muda tunaulizwa sana, hasa na vijana wanaopenda hadithi za kufikirika au wanaotunga za kwao: ile fuwele ya ajabu ambayo shujaa akiikamata dunia nzima inasimama, yeye anapita katikati ya maadui anavyotaka, ivi kisayansi kuna kitu kama hicho au ni fiksi tu? Muda unapindika kweli, hilo halina ubishi, Einstein alilionyesha kwenye nadharia zake za 1905 na 1915 na saa zimeshathibitisha. Shida ni kwamba hadithi nyingi zimeligeuza jambo kichwa chini miguu juu.

Kinachopinda muda ni mwendo kasi na uzito. Saa iliyo karibu na kitu kizito inaenda taratibu kuliko iliyo mbali nacho. Saa za setilaiti za GPS, kule juu kama kilomita 20,200, zinatangulia za huku chini kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) kama 45 kwa siku kwa sababu mvutano wa Dunia huko umepungua, alafu kasi yao inazirudisha nyuma kama 7, zinabaki 38, na zisingerekebishwa basi ramani kwenye simu yako ingepotea kwa kilomita kama 10 kila siku inayopita. Wala sio lazima uende angani, mwaka 2010 watafiti Marekani walitangaza kwamba wameinyanyua saa moja ya atomu (inayohesabu muda kwa mitetemo ya atomu) sentimita 33 tu juu ya mwenzake, ikaonekana ya juu inatangulia.

Sasa tumchukue shujaa wetu. Fuwele yake tuseme ni ya mviringo, kutoka katikati mpaka ukingoni sentimita 5, inashikika mkononi, na pale inapogusana na ngozi inapunguza mwendo wa muda mpaka nusu. Aliye karibu nayo ni nani? Si ni yeye! Kwake ikipita sekunde moja, adui aliyesimama kule ng'ambo zimempitia mbili. Yani shujaa kashika silaha inayompunguza spidi yeye mwenyewe, maadui wanamuona anajikokota na yeye anawaona wanakimbia kupita kawaida. Akitaka kushinda amrushie adui hiyo fuwele alafu atoke nduki.

Na hapo bado hatujagusa uzito wenyewe. Nimepiga hesabu, fuwele ya saizi hiyo kufanya kazi hiyo inatakiwa iwe na uzito wa Dunia nne na kitu, zote zimegandamizwa humo humo. Na nguvu yake inaisha haraka mno, ukikaa mita moja kutoka hapo, kwa saa nzima unachelewa dakika moja na sekunde kadhaa tu, ukikaa mita 10 ni kama sekunde 7. Kabla hujazifaidi hizo sekunde, sayari uliyosimama juu yake, bahari milima na kila kitu, inaanza kuporomokea kwenye fuwele, maana sasa yenyewe ndo nzito kuliko sayari. Mtunzi atasema huu ni uchawi, uzito haupo. Sawa, uchawi hauombi kibali kwetu, ila naomba basi aubakishe huo mwelekeo kwamba aliye karibu ndo anayechelewa, kwa sababu hata hadithi inanoga: mlinzi wa fuwele anamaliza zamu yake, anarudi nyumbani kijana bado, anapokelewa na mwanae mwenye mvi.

Kuhusu kurudisha muda nyuma, hamna saa yoyote iliyowahi kupimwa ikafanya hivyo, tuendelee.

Fuwele za kweli zina kazi nyingine, zinahesabu muda. Mwaka 1880 ndugu wawili, Jacques na Pierre Curie, waligundua kwamba fuwele fulani, kwatzi (aina ya madini) ikiwemo, ukiziminya zinatoa umeme, na kinyume chake ni kweli pia, ukizipa umeme zinajinyoosha na kujikunja. Ndani ya saa yako ya mkononi kuna kipande kidogo cha kwatzi chenye meno mawili kinatetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Namba hiyo ukiigawa kwa mbili mara 15 unapata moja, yani mdundo mmoja kwa sekunde, ndo maana waliichagua.

Alafu kuna zile zinazoitwa fuwele za muda, hizi ndo zimewachanganya watu kabisa. Wazo lilitolewa na mwanafizikia Frank Wilczek mwaka 2012, na mwaka 2017 makundi mawili Marekani yalichapisha kwamba wamezitengeneza, moja kwa ioni (atomu zenye chaji ya umeme) na leza, lingine ndani ya almasi. Kwenye fuwele ya kawaida mpangilio wa atomu unajirudia rudia kwenye nafasi, kwenye hizi mpangilio unajirudia kwenye muda, na kwa mdundo wake wenyewe: ni kama unasukuma bembea kila sekunde ila yenyewe inang'ang'ania kurudi kila baada ya sekunde mbili, hata ukikosea kidogo kusukuma. Haimpeleki mtu jana wala kesho.

Kwa hiyo ukikutana na mtu anauza jiwe la kupunguza uzee au la "kufungua muda", usihangaike kubishana naye mambo ya nguvu za siri. Muulize lina kilo ngapi.