Mto Kagera haukuwa mpaka: yanayokosewa kuhusu vita vya Nduli Amin

Ukitoka Bukoba kwa gari kuelekea Mutukula, baada ya mwendo wa kama kilomita 50 unateremka Kyaka na kuvuka daraja. Maji ya Kagera hapo ni ya rangi ya udongo, hayana makeke, lakini ukiyatazama kwa muda unaona jinsi yanavyokokota magugu kwa nguvu. Kilimani, si mbali na daraja, lipo gofu la kanisa lililopigwa mabomu mwaka 1978. Mgeni akiyaona yote hayo kwa pamoja, mto, daraja na gofu, huamini kwamba ameshavuka kuingia Uganda. Bado. Mpaka uko mbele, kama kilomita 30 hivi.

Kosa hilo dogo la msafiri ndilo mama wa makosa mengi tunayoyasikia kila mazungumzo ya Vita vya Kagera, vita vya Tanzania na Uganda vya 1978 na 1979, yanapozuka. Nimekusanya yale yanayorudiwa zaidi.

"Mto Kagera ndio mpaka wa Tanzania na Uganda"

Hili lina chembe ya ukweli, ndiyo maana haliishi. Kagera inatoka milima ya Burundi na Rwanda, inakwenda kaskazini ikiwa mpaka wetu na Rwanda, kisha inakata kwenda mashariki. Kwa kipande kifupi huko magharibi, pale Murongo ikitazamana na Kikagati, mto ni mpaka kweli. Ukisimama Murongo ukasema ng'ambo ni Uganda, hujakosea.

Lakini ukiendelea mashariki mambo yanabadilika. Mwaka 1890 Waingereza na Wajerumani walikaa wakagawana nchi za watu kwa rula: upande wa magharibi wa Ziwa Victoria, mpaka ukawa mstari wa digrii 1 kusini mwa Ikweta. Mto haukuulizwa. Wenyewe unapinda kwenda kusini, unaingia ndani ya Tanzania, unafika Kyaka, halafu unapanda tena kaskazini na kwenda kumwaga maji ziwani upande wa Uganda. Kati ya mstari wa rula na tumbo la mto kunabaki kipande cha ardhi cha takriban kilomita za mraba 1,800. Ni ardhi ya Tanzania, yenye vijiji vya Watanzania, msitu wa Minziro, ranchi na mashamba ya miwa, ila imekaa ng'ambo ya mto.

Kipande hicho ndicho Idi Amin, mtawala wa Uganda, alichokitaka. Hoja yake ilikuwa rahisi kumwingia mtu akilini: mpaka wa kweli ni mto, unaonekana kwa macho, na mstari wa wakoloni hauna maana. Novemba 1, 1978, siku mbili tu baada ya majeshi yake kuingia kwa nguvu zote, alitangaza kwamba eneo hilo ni la Uganda na mpaka mpya ni Mto Kagera. Redio yake ikajigamba kwamba kazi yote ilimalizika kwa dakika 25. Kwa hiyo mtu anayeandika leo kwamba "Amin alivuka mpaka wa Mto Kagera" anamkosesha msomaji mara mbili: mto haukuwa mpaka, na Amin hakuuvuka.

"Aliiteka Bukoba"

Hapana. Ndege zake ziliudondoshea mji mabomu mwezi Oktoba, vioo vikapasuka, watu wakafunga mizigo na kukimbia, na mji ukawa kimya. Ila hakuna askari wa Uganda wa vita ile aliyeingia Bukoba akiwa mvamizi. Waliishia ukingo wa kaskazini wa Kagera.

"Sisi ndio tuliovunja daraja la Kyaka ili wasivuke"

Hili nimelisikia hata kwa watu wazima wenye heshima zao. Linaingia akilini kwa sababu anayeshambuliwa ndiye kwa kawaida huvunja daraja. Kilichotokea ni kinyume. Daraja la Kyaka lilivunjwa na Waganda.

Fikiria hesabu yao. Wamefika mtoni na kutangaza kwamba hapo ndipo nchi yao inapoishia. Hawana mpango wa kwenda mbele. Hofu yao sasa ni Watanzania kurudi, na njia ya kurudi yenye uwezo wa kubeba kifaru ilikuwa moja tu. Walijaribu kulipiga kwa ndege, mabomu yakaanguka majini na kandokando. Mwishowe wakamleta fundi wa baruti kutoka migodi ya shaba ya Kilembe, magharibi mwa Uganda. Yule alijua kazi yake. Mwanzoni mwa Novemba daraja likaenda na maji.

Amri hiyo ina mantiki kama kweli mto ni mpaka na utabaki kuwa mpaka. Lakini iliwafanya wavamizi waone kwamba wamejifungia mlango, wakatulia. Badala ya kuchimba mahandaki, jeshi likageukia uporaji. Mabati yaling'olewa juu ya nyumba. Ng'ombe kwa maelfu waliswagwa kwenda kaskazini. Kiwanda cha sukari cha Kagera kilikombwa, mashine na magari vikapelekwa Uganda. Waliokuwa hawakuwahi kukimbia waliuawa, wanawake wakabakwa. Makadirio yanayotajwa zaidi ni raia 1,500 waliopoteza maisha upande ule wa mto. Haya yasipotajwa, vita inageuka hadithi ya majenerali na mishale kwenye ramani.

Upande wa kusini wahandisi wa JWTZ, jeshi la Tanzania, walikuwa wanapima upana wa maji. Kabla Novemba haijaisha walikuwa wameshatandika daraja la muda la vyuma vya kuunganisha, aina ya Bailey, na brigedi zikaanza kuvuka. Walichokikuta ng'ambo kilikuwa zaidi maiti na nyumba zisizo na paa kuliko jeshi la kupigana nalo. Amin alikuwa ameshatangaza katikati ya mwezi huo kwamba anaondoka. Januari 1979 mabaki ya mwisho yakafurushwa, na Januari 21 Mutukula, upande wa Uganda, ikaanguka.

"Alivamia kwa sababu alikuwa mwehu"

Amin mwenyewe ndiye aliyeitangaza sana sifa hii. Mtu anayependekeza hadharani kwamba ugomvi umalizwe ulingoni, yeye na Mwalimu Nyerere, rais wa Tanzania, wapigane ngumi huku Muhammad Ali akiwa mwamuzi, anakupa ruhusa ya kumcheka. Ila kicheko kinaficha mambo mawili.

La kwanza ni uhasama wa muda mrefu. Amin alimpindua Milton Obote Januari 1971, na Obote akapokelewa Dar es Salaam. Septemba 1972 wafuasi wa Obote walivamia Uganda wakitokea Tanzania, wakapigwa vibaya. Amin akajibu kwa kuipiga Bukoba kutoka angani. Ndiyo yakaja Makubaliano ya Mogadishu mwezi Oktoba mwaka huohuo, kila upande urudishe majeshi yake kilomita 10 kutoka mpakani. Tukisema Tanzania ilikuwa imekaa zake kimya na mikono mieupe, tunaruka ukurasa. Uvamizi wa 1978 hauhalalishwi na hayo, lakini haukudondoka kutoka mawinguni.

La pili ni hali ya jeshi lake. Mwaka 1978 lilikuwa linajila lenyewe. Makamu wake, Mustafa Adrisi, alipata ajali ya gari mwezi Aprili, wafuasi wake wakaamini haikuwa ajali, na kufikia Oktoba kulikuwa na vikosi vilivyoasi. Katika nyumba inayowaka namna hiyo, kuelekeza bunduki nje ya mpaka ni mbinu ya zamani sana. Wanahistoria bado wanabishana kama amri ya kwanza ilitoka kwake au makamanda wa mpakani walijianzishia naye akaidandia. Vyovyote iwavyo, neno "wazimu" halijibu swali.

"JWTZ lilikuwa tayari, likajibu siku ileile"

Hotuba ya Mwalimu ya Novemba 1978, ile ya uwezo, sababu na nia, imetukaa vichwani kiasi kwamba tunasahau hali halisi ya siku ile. Uwezo ulikuwepo, ila ulikuwa mbali. Mpakani kulikuwa na askari wachache mno. Vikosi vilisafirishwa kutoka kona za mbali za nchi kwa treni na barabara, na serikali ikachukua malori na mabasi ya watu na mashirika kubebea askari. Ndani ya miezi michache jeshi la watu kama 40,000 lilipanuliwa likapita 150,000, wakiwemo mgambo, JKT (Jeshi la Kujenga Taifa), polisi na magereza.

Haraka ina gharama zake. Ndege tatu za kivita za Tanzania zilitunguliwa Musoma na mizinga ya Watanzania wenyewe. Walinzi wa chini walidhani ni adui. Katika simulizi za ushindi tukio hili hupitwa kimyakimya.

"Mwalimu alikusudia tangu siku ya kwanza kumng'oa Amin"

Upande wa wanaomlaumu Mwalimu husema hivi, na wanaomsifu husema hivihivi. Ukifuata tarehe, lengo lilikuwa linakua njiani. Kwanza kuikomboa ardhi. Kisha kuyasukuma majeshi ya Amin mbali ili mizinga yake isifike mpakani, na kumtia adabu: Masaka na Mbarara zikatekwa mwishoni mwa Februari 1979. Matumaini yalikuwa kwamba Waganda na jeshi lao wangemalizana na Amin wenyewe. Hawakufanya hivyo haraka.

Halafu akaingia Gaddafi. Askari wa Libya walimiminika kuokoa rafiki yao, na Machi 10 walikutana na Watanzania Lukaya, kwenye barabara moja iliyoinuliwa juu ya kinamasi. Hapa pia ukweli si mtamu sana: brigedi ya mbele, yenye mgambo wengi wasiowahi kuona vita, ilivurugika na kurudi nyuma usiku ule. Kilichookoa jahazi ni brigedi nyingine iliyozunguka mbali na kuwapiga Walibya kutoka ubavuni alfajiri ya Machi 11. Baada ya Lukaya hapakuwa tena na jeshi la maana kati ya Jenerali David Musuguri, kamanda wa Watanzania, na Kampala, mji uliotekwa Aprili 10 na 11.

Mwishoni mwa Machi Gaddafi alijaribu kuitishia Tanzania kwa kutuma ndege kubwa ya mabomu aina ya Tu-22 kupiga akiba ya mafuta Mwanza. Ilikosa shabaha. Mabomu yakaangukia kisiwa cha Saanane, kwenye hifadhi ya wanyama, na waliokufa ni swala.

"Ilikuwa vita ya Waislamu na Wakristo"

Haya yalikuwa maneno ya Amin alipokuwa anatafuta msaada Tripoli. Mkuu wa Majeshi wa Tanzania katika vita ile alikuwa Jenerali Abdallah Twalipo. Sidhani pana haja ya kuongeza.

"Tulipigana peke yetu"

Watanzania walibeba mzigo mkubwa kupita wote, hilo halina ubishi. Lakini walikuwepo Waganda wa Kikosi Maalum chini ya Tito Okello na David Oyite-Ojok, walikuwepo vijana wa FRONASA, kundi la wapiganaji la Yoweri Museveni, na Msumbiji ilituma kikosi. Machi 1979 makundi ya Waganda waliokuwa uhamishoni yalikutana Moshi kuunda chombo cha kushika nchi baada ya Amin, yakamchagua Yusuf Lule. Amin mwenyewe hakukamatwa wala kuuawa, ingawa bado kuna wanaoapa vinginevyo. Alikimbilia Libya, baadaye Saudi Arabia, na alifia Jeddah Agosti 2003.

"Vita ndiyo iliyoua uchumi wetu"

Iliuumiza sana. Gharama zake hukadiriwa kufika dola milioni 500. Lakini Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika 1977, nasi tukalazimika kuanzisha upya shirika la ndege, reli na bandari vyetu, huku mpaka na Kenya umefungwa. Bei ya kahawa ilikuwa inashuka baada ya neema ya katikati ya muongo. Mapinduzi ya Iran yakapandisha bei ya mafuta mwaka uleule vita ilipoisha. Sera za vijiji na mashirika ya umma nazo zilikuwa na matatizo yake tangu kabla Amin hajagusa Kyaka. Waliopanga foleni ya sabuni na sukari mwaka 1982 waliambiwa ni vita, na kwa sehemu ilikuwa vita. Kwa sehemu nyingine ilikuwa rahisi zaidi kumtaja Nduli kuliko kutaja mengine.

"Amin aliuvamia Mkoa wa Kagera"

Hili ni la majina tu, ila linawaumbua waandishi wengi. Mwaka 1978 hapakuwa na mkoa wenye jina hilo. Makao makuu yalikuwa Bukoba kama yalivyo leo, lakini mkoa uliitwa Ziwa Magharibi. Jina la Kagera lilikuja baada ya vita, mwaka 1979, kutokana na mto. Ukionyeshwa barua inayodaiwa kuandikwa siku za uvamizi na juu yake imeandikwa "Mkoa wa Kagera", iangalie mara mbili.