Somo la hasira halifundishwi hasira zikiwa juu

Mtoto wa miaka miwili na nusu amejitupa chini pale Mwanjelwa, Mbeya, karibu na meza za mitumba, kisa mama kakataa kumnunulia puto. Visigino vinapiga vumbi, kamasi na machozi vimekuwa kitu kimoja, wapita njia wanageuka. Hapo hapo ndipo watu wazima wengi huanza kufundisha: "Nimekwambia mara ngapi? Unaniaibisha! Mbona wenzako hawalii?" Huenda maneno yana haki, lakini yamekuja saa mbaya. Mtoto hayapokei.

Sababu iko kwenye ubongo. Amigdala, sehemu ndogo iliyo ndani kabisa, ndiyo king'ora cha hatari, nayo inafanya kazi tangu mtoto mchanga. Breki zake ziko mbele, nyuma ya paji la uso, na sehemu hiyo huendelea kukomaa mpaka mtu apite miaka 20 na kitu. Kwa hiyo mtoto wa miaka miwili ana king'ora kizima na breki changa. King'ora kikilia, sehemu ya kuelewa maelezo marefu inazidiwa. Ukimhubiria wakati huo anasikia sauti kali tu, na sauti kali kwake ni hatari nyingine juu ya ile ya kwanza.

Mtafiti Michael Potegal na wenzake huko Marekani walizichambua ghadhabu za watoto wadogo, wakaona nyingi huisha ndani ya dakika tano. Hasira (mayowe, mateke, kujitupa) hupanda haraka mwanzoni kisha hushuka. Huzuni (kulia, kulalama, kutafuta mtu wa kumshika) inakuwepo chini kwa chini na ndiyo inayobaki hasira zikipungua. Mzazi anayejua hili ana kazi mbili tofauti kwa nyakati mbili tofauti.

Hasira zikiwa juu, kazi ni usalama. Msogeze mbali na barabara, bodaboda na jiko. Chuchumaa ufike kimo chake, kaa kidogo pembeni badala ya kumkabili uso kwa uso, shusha sauti. Maneno yasizidi matano au sita: "Umekasirika, baba. Mama yuko hapa." Usiulize swali lolote. "Unalia nini?" ni swali gumu hata kwa mtu mzima aliyekasirika. Akirusha mkono, ushike bila kuubana, sema "kupiga hapana", basi. Akikataa kuguswa, usimlazimishe. Kaa hapo hapo tu.

Sasa sikiliza kilio. Kuna mahali sauti inabadilika: yowe linavunjika, linageuka kwikwi, ngumi zinafunguka, anakutazama usoni hata kama ni kwa kuibia. Hapo ndipo mikono yako inapofanya kazi. Mbebe. Wa miaka miwili bado anabebeka mgongoni, na mbeleko iliyofungwa vizuri inampa mambo matatu kwa mpigo: joto, mkandamizo wa mwili mzima na pumzi ya mtu aliyetulia. Mama zetu hawakusubiri kitabu kuwaambia haya.

Somo lenyewe ni baadaye, mimi huwaambia wazazi waache kama dakika ishirini zipite, mtoto awe amekunywa maji au amekula kitu. Halafu sentensi tatu: kilichotokea, hisia yake, na cha kufanya mara nyingine. "Ulitaka puto. Nilikataa, ukakasirika sana. Siku nyingine ukikasirika, nivute kanga uniambie." Ukifika sentensi ya sita umeshaanza mahubiri, na mtoto ameshahamia kwenye kuku wa jirani.

Kinachoharibu zaidi ni kununua puto katikati ya mayowe. Ukikataa mara nne na kukubali ya tano, umemfundisha bei: mayowe matano. Na anayepewa siku moja moja hulia kwa muda mrefu zaidi kuliko anayepewa kila siku, kwa kuwa hajui leo ni siku ipi, kwa hiyo anaendelea kujaribu. Kama moyoni unajua utanunua, nunua kabla hajaanza. Kama hutanunua, usinunue hata shangazi akiingilia kati.

Vitisho navyo vina gharama inayokuja kudaiwa baadaye. "Nyamaza, polisi huyo anakuja," "nitakuacha hapa," "daktari atakuchoma sindano." Mtoto hunyamaza kweli, maana woga umeifunika hasira, hajatulia. Siku ya chanjo sasa unamvuta kwa nguvu getini pa kliniki. Vivyo hivyo kumcheka, au kumrekodi kwa simu ili iwekwe "status": anajifunza kwamba akizidiwa, watu wake hugeuka watazamaji.

Utulivu huanza kwa kuazima

Mtoto mchanga hana namna ya kujituliza kwa muda mrefu. Kilio chake huongezeka mpaka karibu wiki ya sita, kisha hupungua taratibu kufikia mwezi wa tatu au wa nne. Katika muda huo wote anatuliza mwili wake kwa mwili wa mwingine: kubebwa, kunyonyeshwa, kuimbiwa, kutikiswa polepole. Wanaosema "mwache alie atazoea mikono" wanadai kwa mtoto wa miezi miwili uwezo ambao hajaupata. Mtoto anayejibiwa hujifunza kwamba dhiki huwa inaisha, na juu ya imani hiyo ndipo kujituliza kunajengwa.

Moja ya kazi za kwanza za kulichunguza hili ilifanyika jirani zetu hapa. Mwaka 1954 na 1955 mwanasaikolojia Mary Ainsworth alifuatilia familia 26 vijijini karibu na Kampala, Uganda, akitazama jinsi watoto wanavyomtumia mama kama kituo: wanatambaa kwenda kuchunguza, wanarudi kugusa goti lake, wanaondoka tena. Kitabu chake juu ya watoto hao kilitoka mwaka 1967.

Kufikia mwaka mmoja, mtoto anasoma nyuso. Katika jaribio lililochapishwa mwaka 1985, watoto wa miezi 12 waliwekwa juu ya meza yenye kioo, upande mmoja ukionekana kama una shimo. Mama akitabasamu upande wa pili, wengi walivuka. Mama akionyesha uso wa woga, hakuna aliyevuka. Ndivyo ilivyo nyumbani. Mbwa akibweka, mtoto anakutazama wewe kabla ya kumtazama mbwa. Na uso usiosema kitu unamchanganya. Mwanasaikolojia Edward Tronick alilionyesha hilo miaka ya 1970: mama akikausha uso kwa dakika chache tu, mtoto wa miezi michache hujaribu kumrudisha kwa tabasamu na mikono, kisha hutazama pembeni na kunyong'onyea. Nadhani kila anayenyonyesha huku akiperuzi simu ameshaelewa nataka kusema nini.

Majina ya hisia

Kati ya miaka mitatu na minne, mtoto anaweza kutaja furaha, huzuni, hasira na woga. Usiishie hapo. Kiswahili kina akiba kubwa: kununa, kususa, kukereka, kuona wivu, kuona haya, hamu, upweke, donge kooni. Mtajie hisia unapoiona ikiwa ndogo: "Naona umenuna, dada amekaa kwenye kigoda chako." Muulize inakaa wapi mwilini, wengine huonyesha tumbo, wengine koo, wengine ngumi. Mtoto anayeumwa tumbo kila Jumatatu asubuhi, na vipimo havionyeshi kitu, mara nyingi anaitaja hofu ya shule kwa njia pekee aliyonayo. Kama nyumbani ni Kinyakyusa, Kihehe au Kibena, taja hisia kwa lugha ile anayolilia. Ya shule itafuata.

Usitarajie ya miaka minane kwa wa miaka minne. Mdogo huyu huona hisia moja kwa wakati. Kwamba mtu anaweza kufurahia mdogo wake aliyezaliwa na wakati huo huo kumwonea wivu ni jambo linaloeleweka vizuri kuanzia miaka saba hivi na kuendelea.

Hapa nina hoja na wenzangu wanaoleta vitabu vya nje na kuvifuata neno kwa neno. Watafiti waliwalinganisha watoto wa miaka minne wa wakulima Wanso wa Kamerun na watoto wa Ujerumani: kila mmoja aliwekewa kitu kitamu, akaambiwa akisubiri bila kula atapewa cha pili. Wanso walio wengi walisubiri, baadhi wakapitiwa na usingizi kabisa. Wajerumani walio wengi walishindwa. Malezi ya kijijini, yenye heshima kwa wakubwa na kazi ndogo ndogo za nyumbani, yanajenga kujizuia kwa nguvu sana. Mtoto wa Rungwe anayebeba kidumu cha lita tatu na kungoja wakubwa wanawe mikono ndipo naye anawe anafanya zoezi hilo kila siku. Kinachopungua kwetu ni maneno: anajizuia vizuri, lakini hajui anazuia nini, na hana wa kumwambia. Kwa hiyo ongeza maneno, nidhamu iache ilipo. Na "mwanaume halii" ifutwe kabisa. Mvulana aliyenyang'anywa huzuni na woga anabaki na hasira peke yake, na kila kitu kinatokea mlango huo.

Pumzi

Kutoa pumzi ndefu hupunguza mwendo wa moyo. Mtoto wa miaka mitatu haelewi "vuta pumzi," ila anaelewa uji. Mpe kikombe cha uji wa ulezi, hata kikombe kitupu: "Nusa uji," moja, mbili, tatu, "puliza upoe," moja hadi tano. Rudia mara nne. Kutoa kuwe kurefu kuliko kuvuta, ndiyo siri yenyewe; akipuliza kwa pupa mara nyingi atapata kizunguzungu. Miezi ya Juni na Julai, Makete au Njombe asubuhi, pumzi inaonekana: shindaneni nani atatoa "moshi" mrefu na mwembamba zaidi. Zoezi lifanyike kila siku akiwa ametulia, kwa wiki mbili au tatu, kabla hujalitarajia siku ya hasira. Likianza kufundishwa akiwa analia, atalichukia kama dawa ya minyoo.

Kabla ya yote hayo, kagua mwili. Mara ya mwisho amekula lini? Amelala? Mtoto wa mwaka mmoja hadi miwili anahitaji saa 11 hadi 14 kwa siku pamoja na usingizi wa mchana. Wa miaka mitatu na minne, 10 hadi 13. Soksi zimelowa? Kwa baridi la Uyole hili, ghadhabu nyingi za jioni huisha kwa nguo kavu na kiazi cha kuchemsha.

Wapo watoto ambao wakilia sana hukata pumzi: mdomo wazi, sauti haitoki, wanageuka bluu au weupe, wengine wanazimia. Huonekana zaidi kati ya miezi sita na miaka sita. Mlaze ubavu, ondoa vitu vigumu karibu yake, usimmwagie maji, usimtikise wala kumtia kidole mdomoni. Kwa kawaida pumzi hurudi yenyewe ndani ya dakika moja. Hata hivyo mpeleke kituo cha afya, hasa ikiwa ni mara ya kwanza, na omba apimwe damu, kwani upungufu wa madini ya chuma unahusishwa na hali hii, na watoto wengi hupata nafuu wakitibiwa upungufu huo. Akichelewa kuzinduka, au akipoteza fahamu bila kulia kwanza, nenda siku hiyo hiyo.

Kwenye nyumba yenye bibi, dada wa kazi na baba anayerudi usiku, kubalianeni mambo mawili tu: kipi ni hapana ya watu wote, na nani anamshika mtoto akizidiwa. Sheria kumi na tano hazitakumbukwa. Bibi mwambie kwa adabu na kwa faragha, "Mama, tunaomba utusaidie kwa hili," maana ukimpinga mbele ya mjukuu umepoteza wote wawili.

Muone mtaalamu wa afya ya akili katika hospitali ya mkoa au ya rufaa ikiwa mtoto amepita miaka mitano na bado ana ghadhabu karibu kila siku, ikiwa mara kwa mara zinavuka nusu saa, ikiwa anajiumiza, au ikiwa amepoteza maneno aliyokuwa nayo. Mabadiliko ya ghafla yatazame kwa namna nyingine: aliyeacha kukojoa kitandani ameanza tena, anaogopa mtu mmoja maalumu, anashtuka akivuliwa nguo. Huyo usimfanyishe zoezi la uji. Msikilize bila kumkatiza wala kumlisha maneno, mwambie amefanya vizuri kusema, kisha muone afisa ustawi wa jamii au piga 116, simu ya bure ya huduma kwa mtoto.