Kura ya Mbunge Asiyekuwepo: Yanayosemwa na Yaliyopo

Kila suala la kura ya wakala bungeni, yaani mbunge asiyekuwepo kupigiwa kura na mwenzake, linapoibuka, watu hugawanyika mara moja: hawa wanalia na uvivu wa wabunge, wale wanatetea wazazi na wagonjwa. Wachache hufungua kanuni zenyewe, na ndiyo maana dhana zifuatazo hazifi.

“Wakala anakabidhiwa kura aitumie atakavyo.”

Mfano unaotajwa sana unaonyesha kinyume chake. Baraza la Wawakilishi la Marekani liliruhusu wakala Mei 2020, wakati wa korona. Asiyeweza kufika alimwandikia katibu wa Baraza barua ya kumtaja wakala wake, kisha akampa wakala huyo maelekezo ya maandishi kwa kila kura. Wakala alisogea kwenye kipaza sauti, akataja jina la mwenzake na kutamka kama kura yake ni ndiyo au hapana, basi. Mtu mmoja hakuruhusiwa kubeba kura za zaidi ya wenzake 10.

Hofu hii hata hivyo haikutoka hewani. Kabla ya 1995, katika kamati za Baraza hilohilo, mwenyekiti aliweza kukaa na kura za wajumbe ambao hawakutia mguu kikaoni, akawashinda waliohudhuria.

“Ni jambo lililoletwa na korona.”

Hapana. Ibara ya 27 ya Katiba ya Ufaransa ya 1958 inasema kura ya mbunge ni yake binafsi, ila sheria inaweza kuruhusu wakala kwa nadra, na hakuna anayeweza kupokea zaidi ya kura moja ya mwenzake. Australia iliwaruhusu wabunge wanaonyonyesha kutumia wakala mwaka 2008.

“Uungwana wa wenzake unamtosha aliye mgonjwa au aliyejifungua.”

Hapa ndipo wapinzani wa wakala wanaponishinda kuelewa. Uingereza ilitegemea uungwana huo kwa muda mrefu: mbunge mmoja hayupo, basi wa upande wa pili naye anajizuia kupiga kura ili hesabu isivurugike. Ni makubaliano ya mdomo, wala hakuna kanuni inayoyalinda. Julai 2018 mbunge wa upinzani Jo Swinson alikuwa likizo ya uzazi, na Brandon Lewis, mwenyekiti wa chama tawala, ndiye aliyepaswa kujizuia. Akapiga kura. Baadaye aliomba radhi, lakini kura ilikuwa imeshahesabiwa.

Januari 2019, kura ya Brexit, yaani Uingereza kujitoa Umoja wa Ulaya, ilipowadia, mbunge Tulip Siddiq aliahirisha upasuaji wa kujifungua na kuingia bungeni akisukumwa kwenye kiti cha magurudumu. Mwezi huohuo Bunge likaanza majaribio ya wakala kwa wazazi wapya. Na wenye kumbukumbu ndefu watakumbuka Machi 1979: Sir Alfred Broughton, mbunge wa chama tawala, alikuwa mgonjwa mahututi, hakuletwa bungeni, na serikali ya Waziri Mkuu James Callaghan ikaanguka katika kura ya kutokuwa na imani, 311 dhidi ya 310.

“Mahakama zimeshapiga marufuku.”

Wabunge wa Republican nchini Marekani waliushtaki utaratibu wa wakala mwaka 2020. Mahakama ya rufaa ya Washington ikasema si kazi yake kuingilia taratibu za ndani za Baraza, na Januari 2022 Mahakama ya Juu ikakataa kulisikiliza shauri. Februari 2024 jaji mmoja wa Texas aliamua kwamba akidi, yaani idadi ya wabunge inayohitajika ili kikao kiwe halali, ni ya watu waliomo ukumbini kwa miili yao, si wanaowakilishwa na wakala. Uamuzi huo ulitenguliwa katika rufaa mwaka uliofuata.

“Ni ajenda ya chama kimoja.”

Waliolirudisha suala hili Marekani mwaka 2025 ni Anna Paulina Luna wa Republican na Brittany Pettersen wa Democratic, wakiomba wiki 12 kwa wazazi wapya. Spika Mike Johnson alijaribu kuwazima, akashindwa kwa kura 206 dhidi ya 222, huku wenzake tisa wa chama wakimgeuka. Mwishowe Luna alikubali mpango wa kujizuia kwa makubaliano, uleule uliomwangusha Swinson.

Kwa maoni yangu, udhaifu wa utaratibu wa 2020 ulikuwa kwenye ile barua: mbunge aliandika kwamba korona inamzuia kufika, na hakuna aliyekagua. Ndiyo maana ulitumika hata na waliokuwa na safari zao nyingine, hadi ukakoma Januari 2023. Kwa wazazi Uingereza ilichagua njia nyingine: Spika hutoa cheti chenye jina la wakala na tarehe za mwanzo na mwisho, nacho huchapishwa kila mtu akione.