Dosye ya mods: juu ya nini modi umeweka na gemu haiioni

Juzi kijana mumoja wa kule Birere aliniletea mashini yake, ameizungusha ndani ya sashe juu ya mvua, akaniambia "Yaya, gemu imekatala modi zangu." Namuuliza uliziweka wapi, anajibu bila kufikiri: "ndani ya mods." Nafungua, na kweli dosye ya mods iko pale, ndani kuko basi moja na malori mbili za Euro Truck Simulator 2, fishye tatu nzima kabisa. Shida ni kwamba ile dosye alikuwa ameiumba yeye mwenyewe juu ya Bureau, pembeni ya picha za ndoa ya dada yake. Na alikuwa ameshashusha zile modi mara tatu, mega za wiki nzima zimekwisha, juu alifikiri zinaharibika njiani.

Sikumucheka. Mimi niliwahi kukesha na Sims 4 mpaka umeme ukaenda, asubuhi njo nikagundua nilikuwa napanga vitu ndani ya dosye ambayo gemu haijafungua hata siku moja, hiyo nitaifikia.

Basi tuanze na maana. Modi ni fishye, ao fishye kadhaa pamoja, ambazo mutu wa pembeni, si wale waliotengeneza gemu, ameziandika ili gemu ibadilike: lori mupya, nywele, jezi, ramani, wakati mwingine sheria za gemu yenyewe. Na dosye ya mods? Watu wengi wanaichukua kama kabati, yaani mahali pa kupanga modi zisipotee. Haiko kabati. Ni mahali gemu inaendaka kuangalia wakati inaamka. Ile njia imeshaandikwa ndani ya programu, gemu inaifuata herufi kwa herufi, inafika, inasoma inachokuta, inarudi. Haiulizi jirani. Haizunguki mashini yote ikitafuta kitu kinafanana na modi. Ni kama kutuma mutoto soko ya Virunga, unamwambia meza ya tatu ukiingia, akikuta meza ya tatu haina kitu atarudi mikono mitupu hata kama sombe imejaa ku meza ya ine. Kwa hiyo usijiulize "modi niiweke wapi", jiulize "hii gemu inaangaliaka wapi", na usidhani jibu ya Minecraft itakusaidia ku Sims.

Hata jina tu halifanani. Euro Truck inataka dosye inaitwa mod, bila s mwishoni, iko ndani ya Documents, halafu Euro Truck Simulator 2, halafu mod. Ukiandika mods na s yake, umejenga nyumba nzuri ku parsele ya mutu mwingine. Farming Simulator yenyewe inataka mods na s, Minecraft pia. GTA San Andreas wengi wetu tunatumia Mod Loader, programu ya kuingiza modi ndani ya gemu, na dosye yake inaitwa modloader, inakaa palepale na ile fishye ya kuwasha gemu. Wapenzi wa mupira na PES 2017 wao hawana dosye ya mods kabisa, pachi zao zinaingia ndani ya dosye inaitwa download, na humo kuko fishye moja ya orodha, DpFileList.bin, kama jina la kitu chako haliko mu ile orodha gemu inakipita tu kama mutu ambaye hajaalikwa, hata kama umekiweka mahali pake sawasawa. Herufi kubwa na ndogo Windows haijali, Mods ao mods ni kitu kimoja, lakini kama mashini yako iko na Linux hapo inajali, tena sana.

Sasa, kitu ambacho kinachanganya watu zaidi ni kwamba gemu mara nyingi iko na makao mawili ndani ya mashini. Ya kwanza ni pale iliinstaliwa, kama ni Steam, ile programu ya kununua na kushusha magemu, basi ni ndani ya Program Files (x86), Steam, steamapps, common, na jina la gemu. Ya pili ni ya wewe mutumiaji, ndani ya Documents ao AppData, mule gemu inawekaka savu zako na reglaje zako. Stardew Valley inaangalia modi ku makao ya kwanza, lakini mupaka uinstale SMAPI, programu inayoisomesha modi. Euro Truck, Sims 4 na Farming zinaangalia ku ya pili. Mutu anafungua ile ya kwanza, anakuta hakuna dosye ya mods, anaiumba, anaweka vitu, anangoja. Atangoja sana. Kama unataka kufika ku makao ya kwanza bila kuhangaika, ndani ya Steam bonyeza gemu na butoni ya kuume ya souris, chagua "Gérer", halafu "Parcourir les fichiers locaux", inakupeleka mulangoni.

Ya Minecraft, nazungumzia ya Java, iko imejificha zaidi. Iko ndani ya AppData, na AppData Windows inaificha. Unabonyeza butoni ya Windows ku klavye pamoja na R, kadirisha kadogo kanafunguka, unaandika %appdata% unaingia, halafu unatafuta .minecraft, ile yenye nukta mbele. Ku klavye zetu za AZERTY ile alama ya % iko juu ya ù, ushike Shift, nasema juu kuko mutu alinipigia simu dakika ishirini akitafuta hiyo alama tu. Na ukikuta .minecraft haina mods ndani usishituke, Minecraft ya kawaida haiiumbaki, inazaliwa wakati umeinstala Fabric ao Forge, zile programu zinazoisomesha modi, na umewasha gemu mara moja. Mutego mungine: lancha zingine, yaani programu za kuwasha gemu, kama Prism, zinapea kila instalasyo dosye yake, kwa hiyo ile ya AppData inaweza kuwa nzuri, imejaa modi, na hakuna anayeiangalia. Dawa yake naipenda sana: washa gemu yenyewe, ingia mu opsho, sehemu ya paketi za risorsi, kuko butoni ya kufungua dosye yao. Gemu yenyewe inakufungulia resourcepacks yake. Panda juu hatua moja tu, mods iko hapo pembeni. Gemu haiwezi kudanganya kuhusu mahali inalala.

Sasa ile yangu ya Sims. Watu wote mu video wanasema Documents, Electronic Arts, The Sims 4, Mods. Nikafuata. Dosye ya The Sims 4 sikuiona, nikasema labda haijaumbwa, nikaiumba mimi, nikaweka Mods ndani, nikaweka nywele na nguo, nikawasha, hakuna. Nikatoa, nikaweka tena. Usiku mzima. Kumbe gemu yangu ilikuwa mu Kifaransa, na Sims 4 inapea ile dosye jina kufuatana na luga ya gemu: kwangu ilikuwa inaitwa Les Sims 4, mistari miwili juu ya ile nilikuwa nimeumba, inaniangalia. Sisi tunatumia mashini za Kifaransa na tunafuata maelezo ya Kiingereza, kwa hiyo hii itakukamata siku moja. Windows nayo iko na mchezo huohuo, inakuonesha "Utilisateurs" wakati jina la kweli ni Users, bonyeza juu ya ule mustari wa anwani njo utaona jina halisi. Na kama OneDrive, ile ya Microsoft ya kuweka fishye ku neti, iko inafanya kazi, inaweza kuwa imehamisha Documents yako yote, unakuwa na Documents mbili, moja yake na moja ya zamani, gemu inaangalia moja wewe unaangalia ingine.

Ukishapata dosye ya kweli, bado hujamaliza. Ku Sims, mahali ni sawa lakini kina pia kinahesabika: fishye za .package zinaweza kukaa mupaka dosye tano ndani ya dosye, lakini zile za .ts4script, yaani modi za skripti, hazipaswi kupita hatua moja. Ukifungua zip, ile fishye inayobeba fishye zingine zimebanwa ndani, na "Extraire tout", Windows inakuumbia dosye ndani ya dosye, jina lilelile mara mbili, na skripti yako inakuwa imezama mahali gemu haifiki. Halafu kuko ruhusa: ndani ya opsho, sehemu ya "Autre", kuko visanduku viwili vya kutia alama, kimoja cha modi, kingine cha modi za skripti. Kila gemu ikipata mise à jour kubwa inavizima. Watu wanakuja wakilia modi zimekufa, na ni kisanduku tu.

Zip yenyewe haina sheria moja. Sims unaifungua. Farming Simulator usiifungue, inasoma zip hivyohivyo ilivyo, isipokuwa ile ambayo mwenyewe ameandika ku jina kwamba uifungue. Minecraft ni .jar, na .jar kwa ndani ni zip, kwa hiyo simu zingine zikishusha zinaibatiza .zip, mutu anaona zip anaifungua, inatoka fishye mia, anazimwaga zote ndani ya mods. Sisi wengi tunashusha ku simu juu mega ziko ku simu, halafu tunapitisha na kabo, kwa hiyo hii naionaka sana. Ili uone jina la kweli ingia ku "Affichage", washa "Extensions de noms de fichiers", na "Éléments masqués" uwashe pia ukiwa hapo. Kama inasema kitu.jar.zip, futa .zip basi. Na angalia uzito: kama mwenye modi anasema ni mega 84 na yako ni 31, neti ilikatika katikati, hapo njo unashusha tena, si mbele ya hapo.

Toleo sitalizungumzia sana, kila mutu anajua lakini kila mutu anasahau. Modi ya Fabric haitembei ku Forge. Modi ya 1.20.1 usiipe gemu ya toleo lingine ukitarajia ikunyamazie. Modi nyingi za Fabric zinataka Fabric API nayo ikae mulemule ndani ya mods, na ikikosekana utapata dirisha linakuambia jina la kitu kinakosekana, lisome, watu wanalifunga kama tangazo. Na ku lancha hakikisha umechagua profili ya Fabric, si ile ya kawaida, juu ile ya kawaida inapita mbele ya mods bila kugeuza shingo.

Kama bado, kuko daftari. Gemu nyingi zinaandika kila kitu zilifanya wakati wa kuamka: Minecraft iko na latest.log ndani ya logs, Euro Truck iko na game.log.txt palepale pembeni ya mod, Farming iko na log.txt. Zinafunguka na Bloc-notes. Usiogope urefu, bonyeza Ctrl na F, andika jina la modi yako. Kama jina halipatikani hata mara moja, gemu haikuiona: mahali, jina ao kina ni mbaya, rudi juu. Kama jina liko na pembeni kuko neno error, iliiona ikashindwa kuisoma: toleo, zip, ao kitu kinakosekana. Hizo ni shida mbili tofauti na dawa zake hazifanani, mutu anayezichanganya njo anashushaka modi moja mara tatu. Kama ziko modi mingi na hujui gani inaleta vurugu, toa nusu, washa, angalia, rudisha nusu, si moja moja, juu na modi hamsini moja moja utafika usiku.

Kijana wa Birere, tulichukua zile fishye tatu ku Bureau tukazipeleka Documents, Euro Truck Simulator 2, mod. Akawasha mbio mbio, hakuna. Akaniangalia. Nikamwambia ngoja, Euro Truck ikishaziona haizivaishi yenyewe, ingia ku profili yako, ku Mod Manager, zile za kushoto zinalala, bonyeza mara mbili ziende kuume, halafu kubali. Basi likaenda kuume. Lori la kwanza likaenda. La pili likaandikwa kwamba ni la toleo la zamani, haliendani na gemu yake.

"Na hilo, Yaya?"

Nikamwambia hilo ushushe lingine. Akatoa simu akaangalia mega, akairudisha mufukoni, akaanza kuendesha basi.