Upande wa pili wa My War si uvivu

Nimechoka na hii kauli: eti Black Flag, bendi ya panki ya California, waliishiwa pumzi mwaka 1984, ndiyo maana upande wa pili wa albamu yao My War unajikokota. Anayesema hivyo hajakaa nyuma ya drams akajaribu kuupiga.

Upande wa kwanza una nyimbo sita, nao hauna ugomvi na mtu. Geuza santuri: nyimbo tatu tu, kila moja inapita dakika sita. Hapo ndipo mashabiki wa hadkoo, panki ya kasi, hununa.

Sasa hesabu. Kwenye tempo ya 200, yaani biti 200 kwa dakika, kati ya biti na biti kuna sekunde 0.3. Ukikosea kwa asilimia 5, umeteleza milisekunde 15, na kelele zinakuficha. Kwenye tempo ya 60 nafasi ni sekunde nzima. Asilimia 5 ileile ni milisekunde 50, na wimbo unachechemea mbele ya kila mtu. Mpigaji aliyezoea kasi akishushwa hapo huwahisha sneya, ngoma ya mlio mkali, maana mkono unaogopa ukimya. Kisha hujaza pengo kwa mapambo ya tom, zile ngoma nyingine za seti, na uzito wote unakwisha. Dawa ni hii: metronomu 60, hesabu kimoyomoyo "moja-na, mbili-na", mkono wa kulia ugawe kila biti mara mbili kwenye hai-hati (visahani viwili vinavyogongana), kiki (ngoma kubwa ya mguu) na sneya zisubiri zamu yao. Ukishamudu, nyamazisha metronomu kwa baa nne, yaani mafungu manne ya biti, irudishe, uone umeangukia wapi. Ila mwendo ukinyooka kupita kiasi, wimbo unakufa. Hilo halina kipimo cha vitabuni, ni sikio tu.

Kwenye My War kazi hiyo aliibeba mpiga drams Bill Stevenson. Besi je? Mpiga besi Chuck Dukowski alikuwa ameshaondoka, kwa hiyo mpiga gitaa Greg Ginn aliipiga mwenyewe kwa jina la bandia, Dale Nixon. Gitaa na besi zina mkono mmoja: zinachelewa pamoja, zinatua pamoja. Kwenye kasi jambo hilo linapotea. Kwenye mwendo wa polepole ndilo linalokukandamiza kifuani.

Sifa zote siwapi wao. Black Sabbath, bendi ya metali, walitangulia, na bendi ya Flipper ya San Francisco walishatoa albamu ya panki ya kukokota mwaka 1982. Tena drams za My War zimerekodiwa nyembamba kuliko nyimbo zinavyodai. Lakini waliosikia walisikia. Melvins, bendi ya vijana wa jimbo la Washington waliokuwa wakipiga mbio, walipunguza mwendo, na sladji, mchanganyiko wa panki na metali ya polepole, ikafuata njia hiyo. Kurt Cobain wa Nirvana, aliyekulia jirani nao, aliiweka My War kwenye orodha yake ya albamu 50 bora.

Mpiga drams anayetaka kujaribu aanze na "Three Nights", ndio mfupi kati ya ile mitatu, na aupige wote bila kukatisha. Mwendo huanza kukimbia pale mikono inapochoka, na ukirekodi vipande vipande hutaligundua hilo.