Y2K: mtindo wa 2000 kwa waliozaliwa baadaye

Y2K, ambayo vijana huitamka "waitukei", ilikuwa jina la hitilafu kabla ya kuwa jina la mtindo. Kompyuta nyingi za zamani zilihifadhi mwaka kwa tarakimu mbili tu, ikahofiwa kwamba ukiingia 2000 zingesoma 00 na kudhani ni 1900. Hofu ikapita, jina likabaki. Leo hutajwa kwa mavazi, picha na vifaa vya kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1990 hadi katikati ya ile ya 2000: rangi ya fedha, plastiki inayoonyesha ndani, miwani myembamba ya vioo vya rangi, simu za kukunja, jinzi za kiuno cha chini.

Wengi huichanganya na Frutiger Aero, mtindo uliofuata: vitufe vinavyong'aa kana kwamba vimelowa, anga la buluu, mapovu, nyasi mbichi. Jina hilo limeunganisha Adrian Frutiger, msanifu wa herufi kutoka Uswisi, na Aero, sura ya Windows Vista ya 2007.

Mtwara na Lindi miaka hiyo inabidi isogezwe mbele, kwani mambo yalichelewa kufika. Kabla ya Daraja la Mkapa kufunguliwa 2003, basi la Dar lilivuka Rufiji kwa pantoni. SEACOM, mkongo wa intaneti unaopita chini ya bahari, ulifika Dar 2009. Ndiyo maana kijana wa Shangani au Ligula, mitaa ya Mtwara mjini, anayeililia "intaneti ya zamani" mara nyingi analilia simu: wimbo uliorushwa kwa bluetooth huku simu mbili zimelazwa ubavu kwa ubavu, video ya 3GP yenye ukungu, vocha ya kukwangua. Wengine hata hayo waliyaona kwa kaka zao tu. Kinachowavuta, kwa maoni yetu, ni kwamba vitu vile vilikuwa na mwisho: kadi ikijaa unafuta wimbo ndipo uweke mwingine, na ukitoka intaneti kafe umetoka.

Kwenye nguo, kosa kubwa hufanyika mtumbani. Jinzi ya kiuno cha chini huwa na inchi 7 hadi 8 kutoka mshono wa msamba hadi ukingo wa juu mbele, na zipu yake ni fupi, inchi 3 hivi. Ya kiuno cha juu huzidi inchi 10. Ukichukua hii ya pili kwa saizi kubwa ukaishusha, hiyo ni kata kei: msamba unaning'inia na zipu inatuna ukikaa. Pima kabla ya kulipa, kwa sababu fundi akitaka kuishusha itambidi abandue mkanda, akate, na abadilishe zipu.

Kamera ndogo za dijitali zina mitego zaidi. Nyingi zilizotoka kabla ya 2006 hazisomi kadi ya SD inayozidi GB 2. Ukiweka ya GB 32 zinaandika kosa, na watu hudhani kamera ni mbovu. Tafuta kadi ya GB 2 au chini yake, uifomati ndani ya kamera yenyewe. Kama inatumia betri za AA, achana na zile za bei rahisi za redio: flashi hunyonya umeme mwingi kwa mkupuo, na baada ya picha chache tu betri zimekwisha. Nunua za alkalaini au za kuchaji. Mikindani na Msimbati chumvi ya bahari huota kwenye vyuma vya betri. Toa betri ukimaliza, futa kwa kitambaa kikavu.

Ile sura ya uso mweupe na giza nyuma hutoka jioni, flashi ikiwashwa kwa lazima, mtu akiwa mita 1 hadi 2. Mchana ufukweni huipati. Tarehe ya pembeni nayo huwashwa kwenye mipangilio kabla ya kupiga, na ikirudi mwaka wa kiwandani kila unapobadili betri, kibetri cha ndani kimekufa. Wengi huiacha hivyo hivyo, picha za juzi zikasoma 2004, na wakaipenda zaidi.