Barua ya kiongozi: usiichome, usiirushe mtandaoni

Kila mjadala wa Katiba Mpya unapopamba moto, wageni huongezeka katika chumba cha kusomea cha hifadhi yetu ya nyaraka hapa Dar es Salaam, na ombi ni lilelile: "Tunataka barua za siri za viongozi." Siku hizohizo tunaletewa kwenye simu picha ya barua ya kale iliyopigwa juu ya meza ya sebuleni. Inaonekana nusu ukurasa, tarehe imekatwa, na juu yake mtu ameandika "historia iliyofichwa". Wanaoomba na wanaorusha wana dhana moja, kwamba barua binafsi ya mwanasiasa ni siri inayosubiri kufichuliwa. Nimeamua kulieleza jambo hili kwa maandishi, maana kulieleza kaunta kwa mtu mmoja mmoja kumetushinda.

Nianze mbali kidogo, kwa Wamarekani. Wanaoandika historia ya kuridhiwa kwa katiba yao hutegemea sana barua binafsi. Mkutano wa Philadelphia ulimaliza rasimu tarehe 17 Septemba 1787, wajumbe 39 wakatia saini, na ili katiba ianze kazi yalihitajika majimbo 9 kati ya 13. Kumbukumbu rasmi za mikutano ya majimbo zinatupa kura: Massachusetts 187 kwa 168, Virginia 89 kwa 79, New York 30 kwa 27. Sasa chukua hiyo New York. Mkutano wake ulipoanza mjini Poughkeepsie Juni 1788, wapinzani wa katiba walikuwa zaidi ya mara mbili ya waungaji mkono. Wiki sita baadaye katiba imepita kwa tofauti ya kura tatu. Kilichotokea katikati hakielezwi na hesabu ya kura. Sehemu kubwa ya maelezo imo katika barua.

Watetezi wawili wakubwa wa katiba walikuwa mbalimbali: Alexander Hamilton alikuwa Poughkeepsie, James Madison alikuwa Richmond kwenye mkutano wa Virginia. Hamilton alimwomba mwenzake kwamba Virginia ikiridhia tu, habari itumwe kwa tarishi wa farasi, na gharama atalipa yeye. Upande wa kaskazini palipangwa matarishi wengine kutoka New Hampshire, iliyoridhia tarehe 21 Juni ikiwa ya tisa. Virginia ikafuata tarehe 25. Habari ya Virginia ilifika Poughkeepsie tarehe 2 Julai, siku saba baadaye. Wajumbe waliokuwa wakijadili kama katiba itakuwepo, sasa walijadili kama New York itabaki nje.

Bado wapinzani walitaka kuridhia kwa masharti, kwamba jimbo liwe na haki ya kujitoa marekebisho yasipofanyika ndani ya muda fulani. Hamilton akamwandikia Madison, aliyekuwa amesharudi New York mjini, kumuuliza kama hilo litakubalika. Jibu la tarehe 20 Julai lilikuwa fupi: kuridhia ni kwa katiba nzima na kwa milele, na kuridhia kwa sharti la kujitoa si kuridhia. Hamilton aliisoma barua hiyo mbele ya mkutano, na tarehe 26 Julai kura zikapigwa.

Naomba msomaji aone kilichofanya simulizi hii iwezekane. Barua zimehifadhiwa za pande zote mbili, swali na jibu, zikiwa na tarehe na mahali zilipoandikwa. Ondoa tarehe, na hutajua nani alimjibu nani wala nani alikuwa anajua nini siku ya kupiga kura. Ndiyo sababu picha ya nusu ukurasa isiyo na tarehe haitusaidii kitu, na nasema hivi kwa watu wale wale ambao kila wiki hutuambia "lakini mmeiona, inatosha".

Barua ikitolewa nje ya mahali pake pia hudhuru. Desemba 1787 George Washington alimwandikia Charles Carter wa Virginia, mtu wanayefahamiana, na katikati ya mambo mengine akagusia katiba. Kipande hicho kikaingia gazetini bila ruhusa yake, kikachapwa tena na tena kwenye magazeti ya majimbo mengine. Washington alimwandikia tena Carter kwamba msimamo wake hakuwahi kuuficha, ila kilimuuma kuona maneno ya haraka ya barua binafsi yakiwekwa mbele ya umma. Thomas Jefferson naye, akiwa balozi wao Paris, alimwandikia rafiki Februari 1788 kwamba angependa majimbo tisa yakubali na manne ya mwisho yakatae mpaka iongezwe Hati ya Haki, yaani orodha ya haki za raia. Mwezi wa Juni Patrick Henry akayatumia maoni hayo katika mkutano wa Virginia kuipinga katiba. Wakati huo Jefferson mwenyewe alikuwa ameshabadili mawazo: aliposikia Massachusetts imeridhia huku ikipendekeza marekebisho, aliona njia hiyo ni bora kuliko yake. Barua ilikuwa ya kweli, mwandiko wa kweli, na bado iliwapotosha waliosikiliza.

(Sisi tunaijua hoja ya Jefferson kwa ndani. Hati ya Haki iliingia katika Katiba yetu mwaka 1984, na mahakama zikaanza kuitumia 1988.)

Sasa sheria. Kumbukumbu za umma zinasimamiwa na Sheria ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa, Na. 3 ya 2002. Barua ambayo kiongozi aliiandika au kuipokea akiwa kazini, kwa shughuli za ofisi, ni kumbukumbu ya umma hata kama ilianza na "Ndugu yangu mpendwa" na hata kama aliondoka nayo nyumbani siku ya kustaafu. Kwa kawaida jalada la umma hufunguliwa kwa wasomaji likitimiza miaka 30. Yapo yanayobaki yamefungwa kwa sababu za kisheria, na afisa wa kaunta hana mamlaka ya kuyafungua kwa kubembelezwa. Kuliharibu, kulichana au kulitoa bila idhini ni kosa la jinai. Kuchomoa ukurasa mmoja ni kosa. Kubandua stempu ni kosa. Kulikuta jalada la serikali kwa muuza karanga na kulinunua "ili kuliokoa" hakukufanyi kuwa mmiliki wake, lilete.

Barua binafsi ni habari nyingine. Ibara ya 16 ya Katiba inalinda mawasiliano binafsi ya kila mtu, na kiongozi ni mtu. Karatasi ni mali ya aliyeipokea au warithi wake, lakini hakimiliki ya maneno hubaki kwa aliyeyaandika na warithi wake. Kwa hiyo anayechapisha barua kwa sababu tu "ni ya babu yangu" amekosea ikiwa babu ndiye aliyeandikiwa, maana maneno si yake. Familia inaweza kutukabidhi nyaraka kwa masharti ya maandishi: zifungwe miaka kadhaa, majina ya wagonjwa au watoto yalindwe, nakala zitolewe kwa idhini tu. Masharti hayo tunayaheshimu. Hofu kwamba ukileta leo kesho zitakuwa gazetini haina msingi, na ndiyo hofu inayowafanya watu wachome.

Wachomaji wapo kila nchi. Martha Washington alichoma karibu barua zote alizoandikiana na mumewe. Madison naye uzeeni alirudishiwa barua zake nyingi na kufuta au kubadili baadhi ya mistari, mpaka leo wahariri wanapambana na wino wake wa pili.

Miezi michache iliyopita kijana mmoja kutoka Magomeni alileta sanduku la bati la marehemu babu yake, aliyekuwa karani wa chama enzi za kudai uhuru. Tulilifungulia mezani. Barua zilikuwa zimefungwa kwa mpira uliokauka ukagandana na karatasi, pini zimeacha kutu yenye umbo lake, kona moja imeliwa na mchwa. Nne alikuwa amezipeleka steshenari zikafanyiwa laminesheni "zisiharibike". Plastiki ile hatuwezi kuibandua bila kubandua wino. Nilimuuliza bahasha ziko wapi.

"Nilizitupa, mama. Zilikuwa tupu."

Kwenye bahasha ndipo penye mhuri wa posta, na barua sita kati ya zile hazikuandikwa tarehe. Kwa hiyo naomba: usisafishe, usibandike selotepu, usipange upya "kwa mada". Weka kwenye boksi kavu, mbali na sakafu na dirisha, kisha tuite. Anayekuja kusoma aje na kitambulisho, ajaze fomu, aache begi nje, aandike kwa kalamu ya risasi. Mtafiti wa kigeni atangulie COSTECH, Tume ya Sayansi na Teknolojia, kupata kibali. Kalamu ya wino haingii, hata ya profesa.

Kinachonikosesha usingizi zaidi si masanduku ya bati. Mwaka 2014 Bunge Maalum la Katiba lilikaa Dodoma na likapitisha Katiba Inayopendekezwa tarehe 2 Oktoba. Taarifa rasmi za mijadala zipo. Lakini wajumbe wale walishawishiana, wakaonyana na kupeana habari za kamati kwa ujumbe wa simu, na simu nyingi za wakati ule zimekwisha kufa, kuibwa au kuuzwa Kariakoo. Kwa mjumbe ambaye bado anayo yake kabatini, hata kama haiwaki: usiifute, usimpe fundi aitumie kwa spea. Andika kwenye karatasi namba uliyokuwa ukiitumia, kamati uliyokuwamo na majina uliyoyahifadhi kwa kifupi na wenyewe ni nani, uifunge pamoja na simu na chaja yake, utuletee na masharti yako.